Mzinga wa Satelaiti

Nilitoka chumbani na karai la maji ya vyombo nikamkuta mwenye ploti, mama aliyetupangisha chumba, yuko bondeni anang'oa nduma. Zilikuwa bado changa. Kila mtu alijua hivyo, na yeye zaidi ya wote, kwa sababu kila jioni alikuwa anashuka kuzitazama kama mtu anayetazama vifaranga. Asubuhi hiyo alikuwa amekunja sketi hadi magotini, amesimama kwenye matope, anazivuta na kuzitupa nyuma yake.

"Mama, mbona unazing'oa kabla hazijakomaa?"

"Wacha nizile mimi zikiwa ndogo. Nikingoja zikue, zitaliwa na askari." Alijinyoosha, akashika kiuno. "Kwani hukusikia redio jana? Na wewe ndiye fundi?"

Nilikuwa nimesikia.

Wakati huo, miaka ya sabini, tuliishi Riruta, upande ule unaoitwa Satellite, karibu na Kawangware. Sisi tulitamka Satelaiti. Hakuna aliyetuambia jina hilo lilitoka wapi wala maana yake ni nini. Lilikuwa jina la maduka machache, nyumba za mbao na mabati, na bonde la nduma, basi. Ukimwambia mtu unaenda Satelaiti, alijua unaenda nyumbani.

Sasa redio ilikuwa imesema hivi, kama watu walivyosikia: setilaiti ya jeshi, halafu Marekani, halafu kuwekwa mzinga, halafu siku chache zijazo. Mengine yalipita haraka, kwa Kiswahili cha watangazaji, kile cha watu wa pwani, ambacho sisi wa Nairobi tulikisikiliza kama mahubiri: kwa heshima na bila kuuliza maswali. Kabla watu hawajalala, mtaa mzima ulijua kwamba jeshi linaleta mzinga kutoka Marekani kuja kuuweka Satelaiti.

"Na wakiuweka, watauweka kwangu," alisema mwenye ploti. "Nyumba yangu ndiyo iko juu kuliko zote." Alikuwa na hofu ya kweli, lakini nilisikia majivuno kidogo ndani yake. "Jirani yangu ati anasema utawekwa kwake. Kwake ni shimoni! Mzinga utapiga nini kutoka shimoni?"

Nilicheka, nikamwaga maji, nikaenda kazini. Njiani kicheko kiliniisha, kwa sababu nilikuwa na jambo langu la kuogopa, na halikuwa mzinga.

Mama yetu alitangulia, na baba akamfuata kabla mwaka haujaisha. Mimi nilikuwa darasa la sita. Nyuma yangu kulikuwa na ndugu yangu wa kiume, halafu dada mmoja, halafu kifunga mimba, ambaye wakati huo alikuwa bado anaita kila mwanamke mama. Baada ya mazishi, wazee wa nyumbani, kule magharibi, walikaa wakatugawa: huyu aende kwa shangazi, yule kwa nyanya, wa tatu kwa baba mdogo. Nilisimama mbele yao nikasema nitakaa nao wote Nairobi, na shule nimeacha. Baba mdogo, ambaye ndiye aliyebaki mkubwa wa familia, alinitazama kwa muda mrefu. Kisha akasema: "Kaa nao. Lakini siku nikisikia jambo moja baya, nakuja na gunia la nguo zao, na hatutajadiliana."

Nilikuwa nimekaa miaka mitano bila jambo baya, au bila jambo baya kufika nyumbani, na hayo ni mambo mawili tofauti. Sasa jambo baya lilikuwa limetangazwa kwenye redio, na baba mdogo alikuwa na redio.

Nilifanya kazi Makina, ndani ya Kibera, kwa mzee mmoja wa Kinubi aliyetengeneza redio. Nilianza kwa kufagia duka lake. Siku moja alinikuta nimefungua redio iliyomshinda, nimeuona waya uliokatika, na tangu siku hiyo akatafuta mtu mwingine wa kufagia. Umeme haukuwepo. Chuma cha kulehemu tulikipasha moto kwenye jiko la makaa, na mawe ya redio, yaani betri, yaliyokwisha nguvu tuliyaanika juu ya bati ili jua liyape pumzi kidogo.

Asubuhi hiyo nilimkuta mzee hajawasha jiko. Alikuwa amekaa mlangoni na kitambaa, anasugua nishani ya babu yake.

"Binti," aliniita, "jeshi limetukumbuka."

"Limekumbuka nani, mzee?"

"Sisi! Babu yangu alipigana vita vya watu wengine, akaambiwa, chukua, kaa katika msitu huu. Msitu ndio huu Kibera. Leo kila anayepita anatuambia si wetu. Sasa jeshi likifungua mahali Satelaiti, nani awe wa kwanza kupewa ploti kama si mjukuu wa askari?"

"Lakini walisema mzinga. Hawakusema ploti."

"Mzinga unalindwa na nani? Na watu. Watu wanalala wapi? Ndani ya mzinga?"

Niliwasha jiko mimi mwenyewe, kisha nikasema lile lililokuwa likinisumbua tangu jana yake. Habari ile ilisomwa nikiwa na redio nne wazi mezani, zote zikizungumza kwa pamoja.

"Mzee, mimi nilisikia kama walisema mzingo."

"Mzingo ni kitu gani?"

"Sijui."

"Basi hukusikia," alisema, akaendelea kusugua.

Baba mdogo alifika Jumamosi. Nilimwona tangu mbali anapanda kilima, redio yake kubwa ya mbao ameikumbatia kama mtoto mgonjwa, na juu ya bega gunia tupu limekunjwa vizuri. Niliona gunia kabla ya kuuona uso wake.

Watoto walimkimbilia. Aliwasalimia mmoja mmoja kwa mkono, kama wageni wa heshima, kisha akaingia, akaweka redio juu ya meza yetu na gunia juu ya kitanda.

"Nilisema nini siku ile?" aliniuliza.

"Ulisema nikikosea utakuja."

"Hujakosea, mwanangu. Mtu hawezi kukosea kwa sababu ya mzinga. Lakini watoto wa ndugu yangu hawawezi kulala chini ya mdomo wa mzinga wa Marekani. Kesho basi linaondoka saa tisa." Akaipiga redio kofi dogo. "Shahidi wangu ni huyu. Nimekuja naye ili msiseme nimeambiwa na watu."

Nilimpikia chai. Nikiupuliza moto ushike, nilikuwa natafuta neno la kusema na silioni. Kumwambia "mimi nilisikia mzingo" lilikuwa jambo la kipumbavu. Yeye alikuwa mzee mwenye redio, mimi niliishia darasa la sita.

Chai ilimchangamsha. Alianza kutupa habari za nyumbani, na akafika kwa jirani yake mmoja. Mwezi uliopita, matangazo ya vifo redioni yalitaja jina la jirani huyo, na kijiji chake, vizuri kabisa. Baba mdogo akachukua jogoo, akaenda matangani.

"Nafika," alisema, "namkuta marehemu amekaa mlangoni ananoa jembe."

Ndugu yangu alitema chai. Kifunga mimba alicheka kwa sababu wenzake wanacheka.

"Akaniuliza, 'Jogoo wa nini?' Ningemwambia nini? Nikasema, 'Nimekuletea tu, jirani.' Akamla! Marehemu akamla jogoo wangu!"

Walicheka hadi dada yangu akashika mbavu. Mimi niliacha kucheka mapema. Niliigeukia ile redio.

"Baba mdogo, ulisikia jina gani?"

Akalitaja. Lilikuwa jina la kawaida sana kule kwetu, na liko jingine linalofanana nalo, tofauti ni herufi moja tu mwishoni. Moja linaishia na a, jingine na o.

Niliwasha redio pale pale. Ilikuwa na sauti ya mzee anayezungumza na ugali mdomoni. Kila neno lilikuwa na mkoromo nyuma yake.

"Iko hivi tangu lini?"

"Tangu panya waingie. Lakini inasema. Nimeizoea."

"Basi naomba kitu kimoja," nilisema. "Kesho kabla ya basi twende Makina niitengeneze. Habari za saa saba tuzisikilize kwa redio nzima. Ikisema mzinga, nitafunga nguo zao mwenyewe."

Alinitazama kama alivyonitazama siku ile ya mazishi. "Utaitengeneza wewe?"

"Mimi."

"Na ikisema nini ndipo nisiwachukue?"

"Ikisema mzingo."

"Mzingo ni kitu gani?"

Nilikuwa nimechoka na swali hilo. "Tutaambiwa," nikasema.

Jumapili tuliwaacha watoto kwa mwenye ploti. Ndugu yangu alikuwa ameambiwa apange nguo kwenye gunia, na kifunga mimba alikuwa anasaidia. Akitia gauni lake ndani, kaka yake, ambaye hakutaka kwenda, alilitoa; akilitoa, yeye alilitia tena. Yeye alipenda sana safari. Tuliondoka mimi na baba mdogo kwa miguu, tukapita Dagoretti Corner, tukafuata barabara ya Ngong, kisha tukashuka Makina. Tulibadilishana redio kila mmoja alipochoka. Nilipoomba kupokea mara ya pili hakukataa.

Mzee wa Kinubi alikuwa amevaa koti lake la Idi na nishani juu yake. Barua ya kuomba ploti ilikuwa tayari mfukoni, akaigusa kila aliposimama. Wazee wawili walisalimiana, wakaulizana hali za watu ambao hawakuwajua, wakakaa kwenye benchi kunitazama.

Nilifungua mgongo wa redio. Ndani kulikuwa na mtama mkavu, mende wawili wa zamani na kiota cha panya kilichotengenezwa kwa karatasi ya ndani ya redio yenyewe: ile karatasi ya spika, inayotetemeka ili sauti itoke. Walikuwa wameila pembeni, na iliyobaki ilipasuka kama jani la mgomba baada ya upepo. Waya mmoja pia ulikuwa unaning'inia. Hapo ndipo yule jirani wa jogoo alipofia.

"Risasi iko wapi?" nilimwuliza mzee wangu.

Baba mdogo alisimama. "Risasi ya nini? Mbona mambo yamefika kwa risasi?"

Mzee wa Kinubi alicheka hadi nishani ikalia kifuani. "Kaa, ndugu yangu, kaa. Ni hii ya kuyeyusha, ya kuunganishia waya. Hapa hatupigi mtu."

Niliunganisha waya. Kisha nikachukua karatasi nyembamba ya pakiti ya sigara, nikakata vipande, nikakoroga gundi ya unga wa ngano, nikaziba pale palipopasuka, kipande juu ya kipande, kwa ncha ya unyoya wa kuku. Kazi hiyo haitaki haraka. Gundi ikiwa nyingi, spika inakuwa nzito na sauti inazama. Ikiwa kidogo, inaachia. Niliishika spika juu ya jiko, mbali kiasi cha mkono kuvumilia, nikaizungusha polepole ikauke bila kukunjamana.

"Saa saba kasorobo," alisema mzee wangu.

Mkono ulikuwa unaniuma. Nilijua nikiirudisha mbichi itapasuka kwa neno la kwanza la mtangazaji.

"Kasoro dakika tano, binti."

"Bado."

Baba mdogo alikuwa ametulia kabisa. Hakuwa akitazama redio. Alikuwa anatazama mikono yangu.

Nilirudisha spika, nikafunga skrubu mbili kati ya nne, nikatia mawe, nikawasha. Kimya. Nikagusa waya mmoja kwa kidole, ukacheza, nikaubana. Ile milio ya saa ikatoka, safi kama kengele ya shule, na mtangazaji akatusalimia kana kwamba amekaa kwenye benchi kati yao.

"Kumbe ana sauti nzuri hivi?" alisema baba mdogo.

Tulisikiliza habari za barabara. Tukasikiliza habari za mahindi, na hotuba, na hotuba nyingine. Mzee wa Kinubi alishika barua yake. Mimi nilianza kuogopa kwamba hawataisema kabisa, na saa tisa basi litaondoka na watoto wangu watatu. Ndiyo, nilisema watoto wangu. Moyoni ndivyo nilivyowaita.

Ikaja mwishoni kabisa. Mtangazaji alisema kwamba setilaiti ya mawasiliano ya kijeshi ya Marekani, iliyorushwa angani kwa roketi siku chache zilizopita, imewekwa salama katika mzingo wake, na sasa inaizunguka dunia. Akasema itawawezesha wanajeshi walio mbali, wa nchi kavu na wa baharini, kuzungumza wao kwa wao. Kisha akasoma hali ya hewa.

Nje, mtu alikuwa anaita kuku.

"Mzingo," alisema baba mdogo taratibu. "Amesema o."

"Amesema o," nilisema.

"Na inazunguka." Alichora duara hewani kwa kidole. "Kama ng'ombe aliyefungwa kwenye kigingi. Anakula majani akizunguka, kamba haimruhusu aende mbali. Njia yake ile ya kuzunguka, ndiyo mzingo?"

"Nadhani ndiyo hiyo."

"Kumbe iko juu!" Mzee wa Kinubi alipiga goti lake. "Ni redio ya jeshi tu, imetundikwa juu! Hakuna mzinga, hakuna ploti." Alitoa barua mfukoni, akaisoma kidogo, akaikunja tena. "Ndiyo bahati yetu sisi. Tumengoja karatasi ya ardhi hapa chini hadi tumezeeka, sasa jeshi linagawa ploti mbinguni." Alisema akicheka, lakini barua hakuichana. Aliirudisha mfukoni. Nadhani aliona anwani inaweza kubadilishwa.

Baba mdogo alikuwa bado anafikiri. "Na ikiharibika huko juu? Nani atapanda kuitengeneza?"

"Huyu," alisema mzee wangu, akinielekeza kwa kidevu. "Mpeni ngazi tu."

Baba mdogo hakucheka kama nilivyotarajia. Aliinama akachungulia ndani ya redio yake, akaona vile vipande vya karatasi vilivyopangwa.

"Nilikuja nikidhani unafagia," alisema. "Wewe uliniandikia unafanya kazi kwa fundi, nikajua ni ufagio. Nikajiuliza, ufagio utalea watoto watatu hadi lini?" Akafunga mgongo wa redio kwa mkono wake, skrubu mbili zilizobaki. "Ng'ombe hapotei kama kigingi kimeshika. Wakae."

Nilijifanya natafuta kitambaa cha kufutia mikono. Nilikitafuta kwa muda.

Tuliporudi Satelaiti, mwenye ploti alikuwa amekaa kando ya rundo la nduma lililomfika magotini.

"Mama, mzinga hauji," nilimwambia. "Ni chombo cha redio, kiko juu angani."

"Hauji kabisa?"

"Kabisa."

"Hata kwa jirani?"

"Hata kwa jirani."

"Basi sawa," alisema, na uso wake ukatulia. Kisha akaligeukia rundo. "Na hizi sasa nifanye nini? Zitaoza." Akamwona baba mdogo ameshika gunia, ambalo ndugu yangu alikuwa amemrudishia akisema liko tupu, haraka kuliko nilivyowahi kumwona akifanya kazi yoyote. "Lete hapa hilo, baba."

Wakajaza nduma hadi shingoni, wakalishona kwa kamba ya katani. Gunia lililoletwa kuchukua nguo za watoto liliondoka na nduma changa, baba mdogo amelibeba begani, ndugu yangu nyuma yake amebeba redio hadi kwenye basi. Kabla ya kupanda, baba mdogo alinivuta kando.

"Kuna shida moja. Sokoni kwetu niliwaambia watu wote kuhusu mzinga. Wote. Nilisimama juu ya kiti."

"Waambie mzinga ulipanda juu."

"Watanicheka mwaka mzima."

"Wewe ulimcheka aliyekula jogoo."

Akatikisa kichwa, akapanda.

Jioni kifunga mimba alilia akitafuta gauni lake. Tulilitafuta kila mahali, mpaka tukakumbuka nani alikuwa wa mwisho kulitia kwenye gunia. Lilikuwa limekwenda nyumbani, chini ya nduma.

Lilirudi mwezi uliofuata, kwa mkono wa kondakta wa basi, limefuliwa na kupigwa pasi. Ndani yake ilikuwa imefungwa redio ndogo, na kwenye redio kulikuwa na karatasi yenye mwandiko wa baba mdogo: "Hii ni ya yule jirani aliyekufa. Inakoroma. Tengeneza kwanza hii, ziko nyingine tatu zinakuja."